Bakule wa Mheshimiwa Profesa

Mashine haikuzimwa.

Nelvine alisimama kwenye pembe ya nyumba, hotuba ya kesho ikiwa kwapani, akatazama jambo ambalo mwaka mzima alikuwa akiwaambia watu kwamba haliwezekani. Mheshimiwa Profesa Kimeli arap Sang, mwenye mswada wa kuzuia mashine za kuchuma majani chai, alikuwa katikati ya shamba lake mwenyewe, akichuma majani chai kwa mashine.

Hapo ndipo ukurasa ulipotuishia Jumamosi iliyopita. Aliyelikosa gazeti anahitaji kujua mambo machache tu.

Profesa alifundisha nadharia ya uwakilishi kwa miaka mingi kabla ya kumwakilisha mtu yeyote. Alipostaafu, hakutafuta ubalozi kama wenzake. Aliomba kura za wadi ya Chemalul, juu ya Kimulot, mahali mashamba ya chai yanapogusana na msitu. Watu waliuliza profesa mzima anatafuta nini katika bunge la kaunti. Hawakupata jibu, lakini walimpa kura, kwa kuwa aliahidi kwamba mkono wa mtu hautapokonywa kazi na chuma.

Nelvine, mwanafunzi wake wa zamani, aliacha kufundisha katika Chuo Kikuu cha Kabianga ili amwandikie mswada huo. Ulikuwa usomwe mara ya pili wiki iliyotangulia, Profesa akaomba uahirishwe, akisema koo linamuuma. Sasa siku ilikuwa kesho. Jina lake likiitwa naye asisimame, mswada ungeondolewa kwenye ratiba, bunge lingekwenda mapumziko marefu, na kampuni ya chai ya Glenmorran ingewatoa wachumaji katika laini, zile nyumba za safu za wafanyakazi, kabla bunge halijarudi.

"Prof!" Nelvine alipaza sauti. "Profesa!"

Mngurumo ukafa. Profesa akageuka taratibu, vipande vya majani vikiwa kwenye ndevu zake nyeupe.

"Nelvine. Umefika mapema."

"Nimefika saa uliyoniambia."

"Basi mimi ndiye niliyechelewa kumaliza."

"Kumaliza nini, Prof?"

"Jaribio." Aliilaza mashine juu ya gunia kwa uangalifu. "Nimeishutumu mashine hii kanisani, sokoni na redioni, na sijawahi kuishika. Wewe ungemruhusu mwanafunzi aandike tasnifu juu ya kitabu ambacho hajakifungua?"

Lilikuwa jibu zuri. Majibu ya Profesa yalikuwa mazuri siku zote, na ni hilo lililoanza kumsumbua Nelvine.

"Umegundua nini?"

"Kwamba haina macho. Inakata chipukizi, jani lililokomaa na kijiti, vyote pamoja. Liongeze hilo kwenye hotuba."

Nelvine alitazama chini ya mteremko. Mistari iliyo karibu na mto ilikuwa imekatwa zamani. Majeraha ya vijiti yalikuwa yamegeuka kahawia, na machipukizi mapya yalikwisha kurudi.

"Jaribio hili limechukua muda," alisema.

"Utafiti mzuri hurudiwa."

"Mashine ni ya nani?"

"Ya kuazima."

"Kwa nani?"

"Kwa mtu aliyekuwa nayo."

Mpini wa mashine ulikuwa wa kijani, na mkanda wa njano umezungushwa juu yake. Kutoka Kericho hadi Bomet hakuna anayehitaji kuelezwa rangi hizo. Glenmorran hupaka hivyo matrekta yake, mageti yake na milango ya vyoo vyake.

Profesa aliona macho ya Nelvine yanatua wapi. Hakuyafuata.

"Kile kifungu cha mwisho," alisema, "umekiacha kama tulivyokubaliana?"

"Nimekiacha. Mashine zilizokwisha kuingia katika kaunti kabla ya mswada kusomwa mara ya pili haziguswi."

"Vyema. Sheria haiadhibu mambo ya jana."

Nelvine aliwahi kuwafundisha wanafunzi wake sentensi hiyo, akimtaja Profesa kwa heshima. Hata sasa aliitikia kwa kichwa. Kisha mvua ya alasiri ikaanza kupiga mabati, na Profesa akaingia ndani kubadili shati.

Nelvine aliingia jikoni.

Rebeccah, mke wa Profesa, alikuwa akichochea moto. Hakugeuka.

"Leo hamwandiki?"

"Tumemaliza, Mama."

"Zile karatasi zinaishaga kweli?"

"Zinaisha kesho."

"Heri. Nami nirudishiwe mume."

Tangu uchaguzi, Rebeccah aliamini kwamba msichana msomi hawezi kupanda Chemalul kila wiki kwa sababu ya mswada. Nelvine alikwisha kuchoka kujitetea. Alichukua kikombe alichopewa, akauliza jambo moja.

"Mama, ile mashine nani aliileta?"

Rebeccah aligeuka sasa. Uso wake ulipata nguvu mpya.

"Kwani hakukwambia? Nilidhani nyinyi wawili hamfichani kitu."

"Hakuniambia."

"Kipngeno."

"Kipngeno wa Glenmorran? Meneja?"

"Kwako wewe ni meneja. Kwangu mimi ni mtu wa kunimalizia maziwa ya mursik. Kila Jumapili tukitoka kanisani yuko hapa, kwa hicho kiti, ananiuliza kama kibuyu cha pili kimeiva."

"Na wanazungumza nini?"

"Wazee wanazungumzaga nini? Ng'ombe. Watoto. Huo mswada wenu."

Nelvine aliweka kikombe chini. "Mswada? Na mtu wa kampuni?"

"Ni bakule wake," Rebeccah alisema, kama mtu anayemweleza mtoto kwa nini maji hutiririka kushuka. "Atamficha nini?"

Bakule. Waliingia jandoni msimu mmoja, wakauguzwa katika kibanda kimoja, wakatoka wanaume siku moja. Nelvine alijua uzito wa neno hilo kama ajuavyo kila mtu aliyezaliwa upande huu. Alijua pia kwamba Profesa aliwahi kuchapisha makala, katika jarida linaloheshimiwa, kuthibitisha kwamba fungamano la namna hiyo halina nguvu tena katika siasa za kisasa. Nelvine alikuwa ameinukuu katika tasnifu yake.

Aliteremka Kimulot kwa miguu, mvua ikimpiga. Chini ya paa la kituo cha kupimia majani alimkuta aliyekuwa akimngojea: Phelix Opondo, msemaji wa wachumaji wa Glenmorran. Baba yake Phelix alikuja kutoka upande wa ziwa kuchuma chai. Phelix alizaliwa katika laini, akaoa katika laini, na mkewe Quinter alikuwa amekwisha kupewa amri ya kuihama nyumba.

"Madam," Phelix alisema, "sura yako imenyeshewa kuliko nguo."

Nelvine alimweleza yote.

"Amekula?" Phelix aliuliza.

"Hajala. Nimeangalia. Hana gari jipya, hana ploti mpya. Mke wake bado anapikia kuni."

"Kila mtu anakula. Labda huyu anakula pole pole, kisomi."

"Phelix, nimekwambia ni bakule wake."

"Na bakule ndio nini? Dawa?"

"Walitahiriwa pamoja."

"Sasa? Mimi nilisoma na mwizi mmoja hapo Kericho, dawati moja. Nikimpata na kuku wangu nitamshika."

"Si hivyo. Ndugu yako unaweza kumshtaki. Bakule huwezi kusimama mbele ya watu umseme, naye ameketi hapo anakutazama. Watu watakuuliza wewe ni mtu wa aina gani."

Phelix aliacha mzaha. "Kwa hivyo Kipngeno akija bunge kesho, akae tu?"

"Yatosha."

"Bila kufungua mdomo?"

"Bila kufungua mdomo."

"Hiyo hongo ni kali. Haina hata risiti." Phelix alitema mate kwenye mvua. "Sasa ndio naelewa yale malori."

"Malori gani?"

"Tangu wiki jana yanaingia Glenmorran. Masanduku juu, turubai juu ya masanduku. Mashine mpya. Stoo imejaa mpaka zingine wameweka ndani ya holi ya mikutano. Nikauliza karani wao, mbona mnanunua kitu inakatazwa kesho kutwa? Akacheka, akaniambia niende nichume."

"Wanajua mswada utaanguka," Nelvine alisema.

"Wanajua."

Walikubaliana hapo hapo. Msomaji aliyefuatilia hadithi hii tangu mwanzo huenda akaona kwamba walikubaliana haraka mno.

"Quinter alianza kufunga vyombo," Phelix alisema. "Nikamwambia afungue. Akaniuliza, kwa neno la nani? Nikasema kwa neno la Profesa. Sasa nirudi nimwambie nini?"

"Mwambie angoje kesho."

"Nyinyi wasomi mnapenda hiyo kesho." Lakini alikwisha kuanza kufikiri. "Hiyo nafasi ya wageni kule bunge, inaingiza watu wengi?"

"Mabenchi machache."

"Basi tutayajaza sisi. Tunafika mapema, tunakalia kila mahali. Huyo bakule akija, kiti anapata wapi? Atamtazama Profesa akiwa kwa parking?"

Haukuwa mpango wa kisomi. Nelvine hakuwa na mwingine.

Asubuhi iliyofuata wachumaji wa Glenmorran walishuka Bomet, kwenye bunge la kaunti, kwa lori la kukodi, wakayajaza mabenchi ya wageni hadi mlangoni. Quinter alipata kiti cha mbele, Phelix akakaa kando yake. Askari wa mlango alitangaza kwamba hakuna nafasi tena hata ya kuweka mwavuli.

Nelvine alikuwa kwenye ukumbi wa nje wakati Kipngeno alipopanda ngazi. Alivaa koti la kijivu lililopigwa pasi vizuri. Hakuwa na haraka.

"Chamgei, binti."

"Chamgei, mzee."

"Wewe ndiye Nelvine. Kalamu ya bakule wangu. Mswada umeuandika vizuri. Nimeurudia mara kadhaa."

"Ndani kumejaa."

"Kumejaa watu wangu. Nimewaona wakishuka lori. Leo shambani nani anachuma?"

"Si una mashine?"

"Bado ziko kwenye masanduku." Alisema hivyo kwa upole, kama mtu anayesema watoto bado wamelala. "Umekasirika. Unadhani nimekuja kumnyamazisha."

"Umekuja kufanya nini basi?"

"Kumsikiliza rafiki yangu akizungumza. Kuna kifungu kinachonikataza? Wewe ndiye mwenye vifungu."

Nelvine alitupa macho mlangoni, kwa askari.

"Fikiri, binti. Ningetaka anyamaze, ningemwomba Jumapili, tukinywa mursik nyumbani kwake. Hangenikatalia. Ningejisumbua kuja Bomet kwa nini?"

"Na hukumwomba?"

Kipngeno alifunga kifungo cha koti.

"Hilo sikumwomba," alisema, akaingia.

Nelvine alimfuata hadi mlangoni, akiwa na hakika kwamba askari angemrudisha. Askari hakupata nafasi ya kusema neno. Kipngeno aliweka mguu ndani, akatazama benchi la kwanza, na benchi zima likasimama.

Hakuna aliyewaamuru. Huko shambani, tangu zamani za baba zao, meneja akipita katikati ya mistari mchumaji hunyoosha mgongo na kusimama wima. Walisimama kabla ya kukumbuka walikuja kufanya nini. Quinter alikuwa wa kwanza.

"Keti, mama. Keti," Phelix alimnong'oneza mkewe kwa hasira. Quinter aliketi, lakini alikwisha kusogea bila kujua, na Kipngeno akakaa penye nafasi hiyo, katikati ya watu waliokuja kumzuia. Aliwashukuru. Kutoka hapo Profesa asingeweza kuinua macho bila kumwona.

Nelvine alijibanza ukutani.

Karani alisoma kichwa cha mswada. Spika akaita jina.

"Mheshimiwa Profesa Kimeli."

Profesa aliinua macho, akamwona bakule wake. Hakusimama. Alivua miwani, akaifuta kwa ncha ya tai, polepole.

"Mheshimiwa Profesa Kimeli," Spika alirudia.

"Amesahau daftari la somo!" mheshimiwa mmoja wa upande wa pili alisema, na vicheko vikapita kwenye viti.

"Amekula," Phelix alisema kwa sauti ya chini. "Nilikwambia. Pole pole, lakini amekula."

Quinter alifumba macho.

Spika aliishika nyundo yake.

Profesa akasimama.

"Mheshimiwa Spika, kanuni zinanitaka nitangaze maslahi yangu kabla ya kusema neno. Katika mabenchi ya wageni ameketi meneja wa kampuni ya Glenmorran. Huyo ni bakule wangu."

Waheshimiwa waliokuwa wakitazama simu waliziweka chini.

"Kwa desturi yetu, sina ruhusa ya kumsema yeye akiwapo. Kwa kiapo nilichokula hapa, sina ruhusa ya kunyamaza. Mimi niliandika zamani kwamba desturi hiyo imekwisha nguvu. Leo waheshimiwa watapima wenyewe thamani ya utafiti wangu. Naomba mswada huu usomwe mara ya pili."

Hakuifungua hotuba. Alizungumza kuhusu vidole vya mchumaji vinavyojua jani la kuacha. Alieleza jinsi mashine inavyokata bila macho, na Nelvine akakumbuka lile shamba la mteremkoni na kuona aibu kwa alivyomshuku. Alieleza laini ambazo watu wamezaliwa ndani yake na bado wanaitwa wageni. Quinter alilia waziwazi. Yule mheshimiwa wa upande wa pili alisimama, na badala ya kupinga, akasema anaunga mkono.

Makofi yakalipuka.

Nelvine alikuwa ameinua mikono kupiga makofi alipogundua yalianzia wapi. Aliyepiga wa kwanza, na kwa nguvu kuliko wote, alikuwa Kipngeno. Alipiga makofi bila kukunja uso, bila uchungu wowote, kama mfugaji ambaye fahali wake amepata bei nzuri sokoni.

Mikono ya Nelvine ilibaki hewani.

"Tumeshinda, madam!" Phelix alikuwa amefika kando yake, akicheka. "Huyo mzee nilimkosea. Nitamwomba msamaha kwa magoti. Sasa mbona hupigi makofi?"

"Phelix. Yale malori. Lilikuja moja lingine?"

"La mwisho lilikuwa kwa geti leo asubuhi tukitoka. Achana na malori! Mashine zimekatazwa."

"Mpya zimekatazwa."

"Ndiyo. Mpya."

"Zilizokwisha kuingia kabla ya mswada kusomwa leo haziguswi."

Phelix aliendelea kucheka kwa muda mfupi, kisha kicheko kikakatika. "Nani aliandika hivyo?"

Nelvine alishusha mikono. Stoo ya Glenmorran ilikuwa imejaa. Holi ya mikutano ilikuwa imejaa. Mswada ukipita, hakuna kiwanda kidogo wala mkulima yeyote wa kaunti angeruhusiwa kuleta mashine, na Glenmorran ingebaki nazo peke yake, zikilindwa na sheria. Laini zingehamwa kama ilivyopangwa. Quinter angefunga vyombo vyake kwa neno la Profesa. Na sheria yenyewe, hadi nukta yake ya mwisho, ilikuwa mwandiko wa Nelvine.

Hilo sikumwomba, Kipngeno alikuwa amesema. Sasa Nelvine alidhani anajua alichoomba, Jumapili moja, kikombe cha mursik mkononi. Hakuomba kimya. Aliomba wiki moja ya koo kuuma.

Au hakuhitaji hata kuomba. Huenda mzee mmoja alimsimulia mwenzake habari za kazi yake, kwa kuwa bakule hafichwi kitu, na mwenzake akasikiliza vizuri. Kama ni hivyo, Profesa hakujua. Kama ni hivyo, sasa hivi, akiyasikia makofi hayo yanatoka wapi, angekuwa ameduwaa.

Nelvine aligeuka amtazame usoni.

Profesa alikuwa ameketi, miwani imerudi machoni. Hakumtazama Kipngeno, wala Spika, wala waheshimiwa waliokuwa wakimpa mkono. Alikuwa akimtazama yeye, Nelvine, kwa uso ule ule aliozoea kuuvaa katika chumba cha mtihani, akiwa ametembea hadi dirishani na kurudi, akingoja kuona ni nani kati ya wanafunzi atakayekuwa wa kwanza kugundua kwamba swali lilikuwa na mtego.